Pembe kwanza, mnyama baadaye: mamothi wa Siberia wanavyopatikana (uzi mrefu)

Chimbachimba

Wakuu, heshima mbele.

Kila zikitoka habari za mamothi, wale ndugu wa tembo waliokwisha zamani, picha ni ileile: mwanasayansi kavaa koti zito, kapiga magoti kwenye matope yaliyoganda, pembeni mzoga wa miaka elfu arobaini. Ukisoma unabaki na wazo kwamba jamaa alitoka chuoni na ramani mkononi, akafika, akachimba, akampata. Fuatilia kidogo utakuta karibu mizoga yote maarufu ilionwa kwanza na mtu wa hapohapo: mwindaji, mfugaji, mchimba dhahabu. Na mara nyingi huyo mtu hakuwa na shida na mnyama, shida yake ilikuwa pembe. Uzi huu ni wa hao watu. Mwenye haraka apite, mwenye muda avute kiti.

Kwanza mnyama mwenyewe, haraka haraka. Mamothi wa manyoya hakuwa jitu la kutisha, kimo chake kilikuwa kama mita 3, anapishana kidogo tu na tembo wetu. Tofauti iko kwingine. Nywele za nje ziliweza kufika karibu mita moja, chini yake manyoya mafupi mazito, na chini ya ngozi mafuta ya unene wa sentimita 8 hadi 10. Masikio madogo, sentimita 38 hivi, kwa sababu sikio kubwa la tembo wa Afrika ni la kupunguza joto na kule joto halikuwa la kupunguza. Mkia mfupi, na chini ya mkia kipande cha ngozi cha kufunika njia ya haja kubwa baridi isipenye. Ndiyo, mpaka huko alijiandaa.

Sasa twende 1799, kwenye delta ya mto Lena, kaskazini kabisa ya Siberia. Ossip Shumachov, mkuu wa ukoo mmoja wa Waevenki, alikuwa na utaratibu wake: msimu wa samaki ukiisha anahamia rasi ya Bykovsky kutafuta pembe za mamothi za kuuza. Mwaka huo akaona bonge lisiloeleweka ndani ya ukuta wa barafu. Akaliacha. Mwaka uliofuata limejitokeza kidogo zaidi. 1801 ubavu mzima uko nje, na pembe moja inaonekana.

Mtafuta pembe kaona pembe, ungetegemea asherehekee. Aliporudi nyumbani kusimulia, wazee wakashika vichwa: zamani kuna mtu alikuta zimwi la aina hiyo kwenye rasi ileile, familia yake yote ikateketea. Shumachov akaugua kwa hofu, akalala kitandani kabisa. Alipopona na kuona hajafa, hesabu ikabadilika. Akasubiri barafu iyeyuke mpaka mnyama akaporomoka mwenyewe kwenye mchanga, na Machi 1804 akakata pembe zote mbili, akamuuzia mfanyabiashara Roman Boltunov kwa bidhaa za rubli 50.

Boltunov alichora alichokiona. Mchoro huo upo, na ukiutazama utacheka: nguruwe mnene asiye na mkonga, pembe zimechomoza huku na huku. 1806 habari zikamfikia Mikhail Adams, mtaalamu wa mimea aliyekuwa Yakutsk, akaondoka mbio. Kumbuka pembe zimeondoka miaka miwili iliyopita na mzoga umebaki wazi. Wayakuti walikuwa wanaukata nyama kulisha mbwa wao. Dubu, mbwamwitu na mbweha wakajipigia. Mguu mmoja wa mbele haupo, mkonga haupo. Ngozi ya upande uliolalia chini ilikuwa nzima, nzito kiasi kwamba watu kumi waliihamisha kwa shida. Nywele zilizokanyagiwa mchangani akazifukua, zikafika kama kilo 16. Pembe akanunua Yakutsk, akihakikishiwa kuwa ndizo zenyewe.

Mifupa iko St Petersburg mpaka leo. Wilhelm Tilesius aliyeiunganisha mwaka 1808 alifuata mfano wa mifupa ya tembo wa India, akapatia karibu kila kitu isipokuwa pembe: ya kulia akaiweka kushoto, ya kushoto kulia, zikawa zimepindia nje. Zilikaa hivyo miaka mingi watu wakipita na kushangaa.

Nafasi ya pili nawaachia wadau, naendelea baadaye.

Gari Bovu

Mkuu umeshusha. Swali: kabla ya huyo Shumachov watu hawakujua hizo pembe ni za mnyama gani? Maana unasema tayari zilikuwa zinauzwa.

Chimbachimba

Zilikuwa zinauzwa karne nyingi. Pembe ilijulikana, mwenye pembe hakujulikana. Jamii kadhaa za Siberia ziliamini ni mnyama anayeishi chini ya ardhi, anatoboa njia zake huko gizani, na akitokeza kwenye hewa anakufa papo hapo. Mimi sioni kama ni ujinga. Kila ukimkuta amezikwa nusu kwenye ukingo wa mto, amekufa, hujawahi kumwona hai, ungesema nini?

Ulaya nako kulikuwa na ubishi. Wengine walisema ni tembo wa kawaida waliosombwa na gharika ya Nuhu mpaka kaskazini. Aliyeumaliza ni Georges Cuvier, Paris, 1796. Alichukua mataya na magego: ya tembo wa India, ya tembo wa Afrika, na ya huyu wa Siberia, akaonyesha kwamba hao ni wanyama watatu tofauti, na wa tatu hayupo tena duniani. Mnyama mkubwa hivyo angekuwa hai angeshaonekana. Wazo kwamba kiumbe kinaweza kwisha kabisa, kisibaki hata kimoja, wengi walikuwa hawajalikubali. Johann Blumenbach akampa jina la kisayansi 1799, mwaka uleule Shumachov anatazama bonge lake.

Kasuku wa Kongwa

Sasa tunaotaka kujua nyama je? Nasikia kuna wazungu waliwahi kumla.

Chimbachimba

Nilijua litakuja. Na linaingia vizuri kwenye sehemu ya pili.

1900, mto Berezovka, tawi la mto Kolyma, Siberia. Mwindaji wa Kieveni, Semyon Tarabukin, anakuta kichwa cha mamothi kimechomoza kwenye maporomoko ya udongo. Wakafanya nini na wenzake? Wakakata pembe wakaenda kumuuzia askari mmoja wa Kikosaki. Huyo Mkosaki ndiye aliyepeleka taarifa juu. Unaona mpangilio? Bila biashara ya pembe, St Petersburg isingejua kitu.

1901 ukatumwa msafara wa Otto Herz na Eugen Pfizenmayer. Baridi imeshaanza, mzoga umekuwa jiwe. Wakajenga kibanda cha magogo juu yake, wakawasha jiko ndani, wakawa wanamyeyusha kidogo kidogo na kumkata vipande. Hebu fikiria harufu ndani ya kile kibanda. Kati ya magego walikuta majani ambayo hakuwahi kuyameza, nyonga imevunjika. Alianguka, na mdomoni bado ana chakula. Vipande vikasafirishwa kwa sleji mpaka reli.

Herz aliandika kwamba nyama ilikuwa nyekundu ya kupendeza, ikawafikirisha kama waionje. Mbwa walikula bila kufikirishwa. Ile hadithi kwamba wanasayansi walikaa St Petersburg wakaandaliwa karamu ya mamothi ni hadithi tu.

Ila kuna karamu moja iliyopimwa. Januari 1951, New York, chakula cha jioni cha chama cha wavumbuzi, watu wakatangaziwa wamekula nyama ya kale. Wengine wakatoka wakisema ni mamothi, wengine wakisema ni yule mnyama mkubwa aina ya slothi aliyekwisha zamani. Kipande kimoja kilitunzwa kwenye chupa, kikaishia makumbusho ya Chuo Kikuu cha Yale. 2016 wanafunzi wakapima vinasaba. Ni kasa. Kasa wa kijani wa kawaida.

Mtoto wa Pangani

😂😂😂 Yaani wamevaa suti wamekula kasa wakaenda kutamba wamekula mamothi!

Bi Mkubwa wa Tanga

Baba, endelea na zile habari za mizoga. Nimempenda huyo aliyeugua kwa hofu.

Chimbachimba

Shikamoo Bi Mkubwa. Hii ya pili utaipenda zaidi, ina ndugu wa ukoo ndani.

Mei 2007, rasi ya Yamal, kaskazini ya Siberia. Yuri Khudi ni Mnenets, mfugaji wa renidia, wale wanyama wa pembe zenye matawi ambao watu wake wanawategemea kwa nyama, ngozi na usafiri. Yuko na wanawe watatu kando ya mto Yuribei, wanakuta mwili mdogo umelala mchangani. Kwa Wanenets, mamothi ni mifugo ya miungu wa kuzimu, kukutana naye ni mkosi. Khudi hakumgusa. Akaenda kwa rafiki yake Kirill Serotetto, mtu anayejua mambo ya mjini, wakafunga safari mpaka mji wa Yar Sale kumwambia mkuu wa makumbusho ya pale. Wakarudishwa mtoni kwa helikopta waonyeshe mahali. Wanafika: patupu.

Khudi akahisi ni nani. Wakapanda pikipiki ya theluji mpaka Novy Port. Wanaingia kijijini wanamkuta mtoto wa mamothi kaegemezwa kwenye ukuta wa duka, watu wanapiga naye picha kwa simu. Binamu yake Khudi alikuwa amemuuza kwa mwenye duka kwa pikipiki mbili za theluji, za mtumba. Mbwa wa mtaani wakawa wameshatafuna mkia na sehemu ya sikio. Polisi wakaingilia, mwili ukarushwa mpaka makumbusho ya Salekhard, na akapewa jina la mke wa Khudi: Lyuba.

Bi Mkubwa wa Tanga

Marahaba. Binamu huyo! Kila ukoo una wake.

Mwalimu Doto

Mkuu, kitaalamu huyo Lyuba alikuwa na jipya gani? Isiwe tu hadithi ya pikipiki.

Chimbachimba

Alikuwa na mengi, mwalimu. Umri wake alipokufa ni kama mwezi mmoja, na alikufa miaka kama 42,000 iliyopita. Kilo 50. Walipompiga picha za CT wakakuta tope limejaa puani, mkongani na kooni; alikwama kwenye matope akayavuta. Tumboni maziwa ya mama. Kwenye utumbo kuna kinyesi cha mkubwa, alikilamba, na ndama wa tembo wa leo wanafanya hivyohivyo kupata bakteria wa kusaga majani. Hiyo tabia usingeipata kwenye mfupa hata ungekuwa na mifupa elfu.

Kinachonivutia zaidi ni kwa nini hakuoza. Daniel Fisher wa Chuo Kikuu cha Michigan anaeleza kwamba inaelekea mto ulimtoa kwenye udongo karibu mwaka mzima kabla Khudi hajamkuta. Amekaa wazi, jua la kiangazi linampiga, na wanyama wa porini hawakumgusa. Kilichomlinda ni bakteria wa asidi ya laktiki, jamaa wa wale wanaogandisha mtindi, waliouingia mwili wake mapema wakauchachusha. Baridi peke yake isingetosha. Hakuliwa kwa sababu alikuwa mchachu. Mbwa wa Novy Port tu ndio hawakujali.

Gari Bovu

Na wachimba dhahabu umewataja juu umewaacha.

Chimbachimba

Kweli. Kule dhahabu iko kwenye changarawe chini ya udongo ulioganda, kwa hiyo wanauondoa ule udongo, na ndimo walimo hawa. Dima, mtoto wa miezi michache, alifukuliwa na dereva wa tingatinga mgodini mkoa wa Magadan mwaka 1977. Na siyo Urusi tu: Juni 2022 kule Klondike, Yukon, Kanada, mchimbaji akiwa na mashine yake kwenye kijito cha Eureka akampata mwingine mzima, ngozi na nywele juu yake. Ni ardhi ya watu wa Trʼondëk Hwëchʼin, na wazee wao ndio waliompa jina, Nun cho ga, yaani mtoto mkubwa wa mnyama. Pale utaratibu ulifuatwa: kazi ikasimama, simu zikapigwa, wazee wakaitwa wakamwombea. Sijui mgodi gani mwingine ungesimamisha mashine katikati ya msimu.

Askari Mstaafu

Nimesoma kimya mpaka hapa, sasa niseme. Mimi nimekaa porini na bunduki kwa ajili ya hizo pembe. Unavyowasimulia hawa watafuta pembe wa Siberia ni kama mashujaa wa sayansi. Nani ananunua hizo pembe? Si walewale walionunua za kwetu? Tembo wa Tanzania 2009 walikuwa kama 109,000. 2014 wakahesabiwa 43,000. Hao hawakufa kwa barafu.

Chimbachimba

Mzee, hoja yako ni nzito na ndiyo nilikuwa naielekea.

Marufuku ya kimataifa ya pembe za ndovu ilipitishwa 1989, Tanzania ikiwa mstari wa mbele kuidai. Mamothi hakuwamo, kwa sababu huwezi kumlinda mnyama aliyekwisha. Biashara yake ikapanda. China ilipofunga soko lake la pembe za ndovu mwishoni mwa 2017, ya mamothi ikabaki halali, na wachonga vinyago wakahamia huko.

Huko Yakutia, jimbo la Urusi lenye mji wa Yakutsk, uchimbaji nao umebadilika. Zamani mtu alitembea ufukweni akaokota kilichotolewa na maji. Sasa wapo wanaobeba pampu za zimamoto, wanavuta maji ya mto na kuyapiga kwenye ukingo mpaka linakuwa pango la kuingia mtu, dari la udongo ulioyeyuka liko juu ya kichwa chako. Tope lote linarudi mtoni, samaki wanaondoka. Ukiwa na leseni unaruhusiwa kuokota, pampu ni haramu, lakini polisi wawili kwenye eneo kubwa kuliko Tanzania watamkamata nani?

Wapo wanaosema pembe ya mamothi inampunguzia tembo mzigo: mnunuzi akiipata hii haitafuti ile. Wengine wanasema inampa muuzaji wa haramu pa kujificha, anaandika mamothi juu ya pembe ya tembo aliyeuawa jana. Israeli ilipeleka pendekezo kwenye mkutano wa CITES (mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea walio hatarini) mwaka 2019 mamothi awekewe vibali vya biashara, halikupita. Mimi ningelipitisha asubuhi na mapema. Kibali hakimzuii mwokotaji wa Yakutia kula, kinamlazimu mnunuzi aonyeshe alichonunua.

Askari Mstaafu

Ukiwa na kipande mkononi utazijuaje? Sisi tulikamata vitu, mtu anakwambia hii ya mamothi, hii ni ya babu yangu, hii ni mfupa wa ng'ombe.

Chimbachimba

Ikiwa nzima hakuna kazi, ya mamothi inajizungusha sana, inaenda nje halafu inarudi ndani mpaka ncha zinakaribiana. Shida ni kipande.

Uso uliokatwa mkingamo uusafishe vizuri. Utaona mistari miembamba miwili miwili inakatizana kama ukili uliosukwa. Mistari ya Schreger hiyo. Usiangalie ya katikati, itakudanganya. Nenda ya nje kabisa karibu na ganda, upime kona (ya digrii) ambayo mistari inafanya pale inapokatana. Mamothi iko chini ya digrii 90, imebanwa. Tembo, wetu au wa Asia, ni zaidi ya 115, imetanuka. Piga picha, chora mistari, weka kipimapembe, pima sehemu kadhaa uchukue wastani. Pia tafuta doa la bluu au la kahawia upande wa nje: ni madini ya chuma yaliyoingia wakati pembe iko ardhini. Tembo aliyekufa juzi hana doa hilo. Kasoro ni kwamba kidani kidogo cha duara kinaweza kisiwe na hata hiyo sehemu ya nje, hapo ni maabara tu.

Mwalimu Doto

Hii nimeihifadhi. Halafu Afrika hawakuwahi kuwepo?

Chimbachimba

Asili yao ni huku huku! Baadhi ya magego ya mamothi wa mwanzo kabisa yametoka Langebaanweg, Afrika Kusini, miaka kama milioni 5. Hao hawakuwa na manyoya, baridi iko wapi. Ukoo ukahamia kaskazini baadaye, na wa manyoya ni mjukuu wa mwisho mwisho. Usichanganye na tembo wakubwa wa Olduvai, wale ni tawi jingine. Ndugu wa karibu wa mamothi aliye hai ni tembo wa Asia, wa kwetu ni wa mbali kidogo.

Mtoto wa Pangani

Na kufufuliwa? Kuna kampuni Marekani inasema 2028.

Chimbachimba

Colossal. Mwezi Machi 2025 walionyesha panya wenye manyoya marefu. Lengo lao ni kuhariri vinasaba vya tembo wa Asia afanane na mamothi, kwa hiyo atakayezaliwa ni tembo mwenye manyoya, tuwe wakweli. Japani walijaribu njia nyingine 2019, wakaingiza viini vya seli za Yuka kwenye mayai ya panya. Vikaonyesha dalili ndogo za uhai, vikakomea hapo. Yuka mwenyewe ni kijana aliyepatikana 2010 pwani ya bahari ya Laptev na, kama kawaida, watafuta pembe. Safari hii walimpeleka kwa wataalamu.

Gari Bovu

Na yule wa juzi juzi, Yana?

Chimbachimba

Yana ni wa 2024, shimo la Batagaika, Yakutia. Lile ni bonde la zaidi ya kilomita linalozidi kupanuka kila kiangazi ardhi ikiyeyuka. Wakazi wa jirani wakaona mwili umekatika mara mbili, nusu moja bado iko kwenye ukuta, nusu nyingine imeshaanguka chini. Wakatengeneza machela wakambeba. Zaidi ya kilo 100, jike, umri ukatajwa miaka 50,000, baadaye watafiti wakausogeza hadi 130,000.

Angalieni orodha: Dima, Lyuba, Nun cho ga, Yana. Waliobaki wazima zaidi ni watoto. Wataalamu watakwambia mwili mdogo unazikwa haraka, na ni kweli. Mimi naongeza sababu yangu: mtoto hana pembe ya kuuza, kwa hiyo hakuna anayefika na shoka kabla ya simu kupigwa. Binamu wa Khudi tu ndiye aliyemwona Lyuba akaona pikipiki.

Bi Mkubwa wa Tanga

Na pikipiki zile zilirudishwa?